Felisita wa Karthago: Jina Limeenea, Habari Zimebaki Nyuma

Kwenye Jogoo Road, Nairobi, jina la Stefano, shahidi wa kwanza wa Kanisa, halihitaji kutafutwa. Kanisa la Anglikana la St. Stephen's ni alama ya njia. Makanga hulitaja, abiria hushukia hapo, na hata wasiowahi kuingia ibadani wanajua lilipo.

Ndani ya mitaa inayopakana na barabara hiyo, Mbotela, Makongeni, Jericho na Maringo, kuna shahidi mwingine wa karne za mwanzo anayeitwa kutwa kucha bila anayeita kumfikiria. Huitwa pale mama wa duka anapoitwa Felista, mwalimu anapoitwa Felistus na msichana aliyetumwa unga anapoitwa Felister. Tahajia hutegemea karani aliyejaza cheti cha kuzaliwa au padre aliyeandika daftari la ubatizo, lakini wote hao somo wao ni mmoja: Felisita, mwanamke mtumwa aliyeuawa Karthago, katika nchi tunayoiita leo Tunisia, tarehe 7 Machi yapata mwaka 203.

Imekuwaje basi jina la mwanamke huyu likaenea Afrika Mashariki nzima, na maisha yake yakabaki mikononi mwa mapadre na wanafunzi wa historia ya Kanisa? Na mtaa kama Mbotela unapungukiwa na nini kwa kutomjua? Ili kujibu, sharti kwanza kutazama kwa makini kile kilichoandikwa juu yake, kisha safari ndefu ya heshima aliyopewa baada ya kifo chake.

Karibu yote yanayojulikana kumhusu yanatoka katika andiko moja fupi la Kilatini, Mateso ya Watakatifu Perpetua na Felisita, lenye sura 21. Limeundwa na mikono mitatu. Wa kwanza ni wa Perpetua, mwanamke wa miaka 22 hivi, wa ukoo wenye heshima, aliyeolewa na mwenye mtoto wa kunyonya. Yeye aliandika mwenyewe yaliyompata gerezani, na maandishi yake ni miongoni mwa ya kale zaidi ya mwanamke Mkristo yaliyohifadhiwa. Wa pili ni wa Saturus, aliyesimulia maono yake. Wa tatu ni wa mhariri asiyejitaja jina, aliyeyaunganisha maandishi hayo na kueleza jinsi walivyokufa.

Waliokamatwa walikuwa wakatekumeni, watu waliokuwa bado wanafundishwa dini kabla ya kubatizwa. Ulikuwa wakati wa Kaizari Septimius Severus, ambaye mwenyewe alizaliwa Afrika Kaskazini. Andiko linawataja Revocatus, Felisita mtumwa mwenzake, Saturninus, Secundulus na Perpetua. Saturus hakuwepo siku ya kukamatwa, akajisalimisha baadaye ili asitengane na wenzake. Walibatizwa wakiwa kizuizini. Walipofikishwa mbele ya Hilarianus, ofisa aliyeshika nafasi ya gavana aliyekuwa amefariki, waliamriwa kutoa sadaka kwa ajili ya heri ya Kaizari. Wakakataa. Hukumu ikawa kutupwa kwa wanyama katika michezo ya kuadhimisha siku ya kuzaliwa ya Geta, mwana wa Kaizari. Secundulus alifia gerezani kabla ya siku hiyo.

Felisita alikuwa na mimba ya miezi minane. Sheria ya Kirumi haikuruhusu mwanamke mjamzito kuuawa, hivyo tumbo lake lingeweza kumwokoa, angalau kwa muda. Yeye aliliona kama kikwazo. Aliogopa kwamba wenzake wangetangulia, naye abakizwe auawe baadaye peke yake, katikati ya wahalifu asiowajua. Wenzake nao walihuzunika kumwacha nyuma. Siku tatu kabla ya michezo waliomba pamoja, na mara baada ya sala uchungu ukamshika.

Hapa andiko linashuka hadi kwenye jambo ambalo kila mkunga analijua. Kujifungua mwezi wa nane kulikuwa kugumu, na Felisita alilia kwa maumivu. Mmoja wa walinzi wa gereza akamcheka: kama analia hivi sasa, atafanya nini mbele ya wanyama? Akamjibu kwamba maumivu ya wakati ule anayabeba mwenyewe, lakini siku ya kufa atakuwapo mwingine ndani yake, atakayeteseka kwa ajili yake kwa sababu yeye anateseka kwa ajili ya huyo. Akajifungua mtoto wa kike. Mwanamke mmoja Mkristo akamchukua yule mtoto na kumlea kama bintiye.

Katika andiko zima, jibu hilo kwa mlinzi ndiyo kauli pekee ya Felisita iliyorekodiwa.

Siku ya michezo, Perpetua na Felisita walivuliwa nguo, wakafungwa katika nyavu na kuletwa uwanjani kukabili ng'ombe jike mkali. Umati uliokuwa umekuja kutazama damu ukashtuka: mmoja alikuwa msichana mwororo, mwingine ametoka kujifungua, na maziwa yanamchuruzika. Wakarudishwa ndani na kuvikwa kanzu. Waliporudi, ng'ombe akawarusha wote wawili. Perpetua aliinuka, akamwona Felisita amelala chini ameumia, akamwendea, akampa mkono na kumsimamisha. Wakasimama pamoja. Mwishowe waliuawa kwa upanga, baada ya kupeana busu la amani.

Watu wengi hudhani mambo ambayo andiko halisemi. Jambo la kwanza ni kwamba Felisita alikuwa mtumwa wa Perpetua. Ndivyo vitabu vingi vya watoto na mahubiri mengi yanavyosimulia, na masimulizi yanapendeza: bibi na mjakazi wake wafa bega kwa bega. Lakini andiko linamwita mtumwa mwenzake Revocatus tu, na halimtaji aliyewamiliki. Hata uhusiano wake na Revocatus unabishaniwa, kwani wapo wataalamu waliofikiri kwamba walikuwa mume na mke. Baba wa mtoto hatajwi.

Jambo la pili ni rangi yake. Baadhi ya picha za siku hizi humchora Perpetua mweupe na Felisita mweusi, kana kwamba bwana na mtumwa wa Karthago walitofautishwa kwa ngozi kama ilivyokuwa Marekani karne nyingi baadaye. Utumwa wa Kirumi haukujengwa juu ya rangi. Karthago ilikuwa na Waberberi, wazawa wa Wafoinike, Warumi na watu wa kila pwani ya Mediterania, na andiko haligusii sura ya yeyote kati ya hao wawili. Anayetaka kumwita Felisita Mwafrika ana haki kamili, kwa kuwa alifia Afrika, katika Kanisa la Afrika lililokuwa na maaskofu wake. Hakuna haja ya kumpaka rangi ili kuthibitisha hilo.

Jambo la tatu ambalo andiko halisemi ni zito zaidi, nalo linamhusu yule binti. Kwa sheria ya Kirumi, mtoto wa mtumwa alikuwa mtumwa, mali ya bwana wa mama yake. Andiko linasema alilelewa na mwanamke Mkristo kama mtoto wake wa kumzaa, na halielezi ruhusa ilitoka wapi. Mtoto wa Perpetua alikuwa na babu wa kumpigania. Babu huyo anaonekana kwenye andiko akilia na kumsihi binti yake akane imani kwa ajili ya mtoto. Mtoto wa Felisita hatajiwi babu wa kumsemea. Kilichompokea ni jumuiya. Kwa yeyote anayejiuliza Ukristo wa mwanzo ulibadilisha nini katika maisha ya maskini, mstari huo mmoja kuhusu mtoto aliyechukuliwa na kulelewa una uzito kuliko hotuba nyingi.

Heshima kwa mashahidi hawa ilianza mapema na kuenea upesi. Orodha ya sikukuu za mashahidi iliyotumika Roma mwaka 354 ina majina machache mno ya watu wasio wa Roma, na Perpetua na Felisita wa Afrika wamo, tarehe 7 Machi. Karthago yenyewe iliwazika katika kanisa kubwa lililoitwa Basilica Maiorum. Mtakatifu Agustino, askofu wa Hippo, alihubiri katika sikukuu yao zaidi ya mara moja, na mahubiri hayo yapo hadi leo. Yanaonyesha kwamba habari za mashahidi hao zilisomwa kanisani mbele ya watu. Agustino alijua pia swali lililokuwa vichwani mwa wasikilizaji wake: kundi lilikuwa na wanaume, mbona siku inaitwa kwa majina ya wanawake wawili? Jibu lake ni la mtu wa zama zake. Alisema wanaume hawakuwa duni kwa ushujaa, ila ushindi wa waliohesabiwa dhaifu ulikuwa ajabu kubwa zaidi.

Sura zao zilitengenezwa kwa vijiwe vya rangi huko Ravenna, Italia, katika kikanisa cha askofu mkuu. Majina yao yakaingia katika Sala ya Ekaristi ya Kwanza, ile Kanuni ya Kirumi ya kale, na humo Felisita ndiye anayetangulia na Perpetua anafuata. Wapo wanaosema Felisita wa sala hiyo ni mwingine, mama wa Roma anayesimuliwa kuuawa pamoja na wanawe saba, ambaye hukumbukwa tarehe 23 Novemba. Kuchanganywa kwa Felisita hao wawili kumemgharimu yule wa Karthago. Ni rahisi mtoto aliyebatizwa kwa jina lake kuwekewa sikukuu ya Novemba bila mtu kugundua.

Kisha kukaja kimya cha muda mrefu. Wavandali waliiteka Karthago katika karne ya 5, Waarabu wakaitwaa mwaka 698, na Kanisa la huko likafifia hadi likatoweka. Andiko la Kilatini lilikuja kuchapishwa mwaka 1663, baada ya msomi Lucas Holstenius kulipata katika monasteri ya Monte Cassino. Nakala ya Kigiriki ilionekana Yerusalemu mwaka 1889.

Sura inayofuata inaigusa Afrika Mashariki moja kwa moja. Mwaka 1868 Charles Lavigerie, Askofu Mkuu wa Algiers, alianzisha shirika la Wamisionari wa Afrika, ambao watu huwaita White Fathers. Kutoka Afrika Kaskazini aliwatuma kusini, na mwaka 1879 wakafika Buganda. Waliowafundisha Karoli Lwanga na wenzake, mashahidi wa Uganda, walitoka katika shirika ambalo kiongozi wake, kuanzia mwaka 1884, alikuwa pia Askofu Mkuu wa Karthago. Padre mmoja wa shirika hilohilo, Alfred-Louis Delattre, alikuwa akichimba magofu ya Karthago, na mwaka 1906 na 1907 alipata vipande vya bamba la jiwe vilivyokuwa na majina ya kundi zima, la Felisita likiwamo.

Papa Paulo VI aliliunganisha jambo hili waziwazi tarehe 18 Oktoba 1964, alipowatangaza Mashahidi 22 wa Uganda kuwa watakatifu. Katika mahubiri yake aliwataja Cyprian, Felisita, Perpetua na Agustino, kisha akawaweka vijana wa Buganda katika safu hiyohiyo. Sehemu ya mahubiri hayo husomwa katika Vipindi vya Sala kila tarehe 3 Juni, sikukuu yao. Maelfu ya Wakenya wanaosafiri kwenda Namugongo, Uganda, kwa sikukuu hiyo, wengine kwa miguu, wanakwenda kuwaheshimu mashahidi ambao Kanisa lenyewe linawahesabu kuwa wadogo zake Felisita.

Kwa nini basi Karoli Lwanga anajulikana na Felisita hajulikani? Ukaribu ni sababu moja: Namugongo inafikika kwa basi la usiku, na wajukuu wa waliowajua mashahidi wale waliishi hadi juzi. Lakini zipo sababu nyingine ambazo hazizungumzwi sana.

Kalenda imemwonea. Kwa karne nyingi tarehe 7 Machi ilishikwa na Mtakatifu Thoma wa Akwino, mwalimu mkubwa wa Kanisa, na mashahidi wa Karthago wakafunikwa. Mwaka 1908 walihamishiwa tarehe 6. Marekebisho ya mwaka 1969 yakawarudishia siku yao, Thoma akapelekwa 28 Januari. Hata hivyo tarehe 7 Machi huangukia ndani ya Kwaresima karibu kila mwaka, na katika siku za Kwaresima kumbukumbu za watakatifu hupunguzwa hadi kubaki sala moja ya mwanzo. Nchini Kenya majuma hayo hujazwa na Njia ya Msalaba na Kampeni ya Kwaresima ya Tume ya Haki na Amani. Felisita hupita kimyakimya. Waorthodoksi, ambao humkumbuka pamoja na wenzake tarehe 1 Februari, hawana shida hiyo.

Namna ya ubatizo nayo imechangia. Katika misheni za awali, mtoto au mkatekumeni alipewa jina kutoka kwenye orodha, na mara nyingi hapakuwa na muda wa kusimulia habari za mwenye jina. Jina lilirithiwa kutoka kwa bibi hadi mjukuu, likapata umbo la Kiluo, la Kikamba, la Kiluhya, likawa la nyumbani kabisa. Mafanikio hayo yenyewe yalimficha mwenye jina.

Na sababu ya mwisho iko ndani ya andiko. Perpetua aliandika, Felisita hakuandika. Ndoto za Perpetua, ngazi yenye silaha pembeni na joka chini yake, kaka yake mdogo Dinocrates anywaye maji, pambano lake na Mmisri, zimechambuliwa na wasomi wa kila kizazi. Felisita amepewa sura ya 15 peke yake, kisha sentensi kadhaa za uwanjani. Asiyejua kuandika, au asiyepewa nafasi ya kuandika, huishia kuwa nusu ya pili ya jina la mwingine.

Mbotela ina sababu ya kulisikia jambo hilo kwa sikio la pekee. Mtaa huu, uliokuwa wa Halmashauri ya Jiji, ulipewa jina la Tom Mbotela, makamu wa rais wa chama cha siasa cha KAU, aliyeuawa Nairobi mwezi Novemba 1952, majuma machache baada ya serikali ya kikoloni kutangaza hali ya hatari. Mitaa jirani ya Ofafa nayo ina jina la Ambrose Ofafa, diwani aliyeuawa mwaka uliofuata. Ukoo wa Mbotela unatoka Frere Town, Mombasa, makazi yaliyoanzishwa na wamisionari Waanglikana wa CMS mwaka 1875 kwa ajili ya watumwa waliokombolewa kutoka majahazini. Mtu wa ukoo huohuo, James Juma Mbotela, ndiye aliyeandika Uhuru wa Watumwa, kitabu kilichotoka mwaka 1934 na kuhifadhi kumbukumbu za waliokamatwa bara na kuvushwa pwani.

Kwa hiyo mtaa wenyewe una jina la kizazi cha watumwa waliogeuka kuwa wachapaji, walimu, watangazaji na wanasiasa. Ukristo wa pwani ya Kenya ulijengwa kwa sehemu kubwa na watu wa aina ya Felisita: waliokuwa mali ya wengine, ambao ukoo wao ulikatwa, na waliopokelewa na jumuiya mpya kama yule mtoto wa gerezani. Wakatoliki wa shirika la Roho Mtakatifu walikuwa na makazi yao kama hayo Bagamoyo tangu 1868, na mapadre wa shirika hilohilo ndio waliofungua misheni ya St. Austin's, Nairobi, mwaka 1899. Nyuzi hizi zote ziko tayari. Kilichokosekana ni mtu wa kuzisokota pamoja mbele ya watoto wa mafundisho.

Lipo pia jambo linalowagusa wanawake wa leo. Sheria ya Kirumi iliahirisha kifo cha mjamzito mpaka ajifungue. Kanuni ya Adhabu ya Kenya imekwenda mbali zaidi: mwanamke aliyepatikana na kosa la kunyongwa akithibitika kuwa na mimba hahukumiwi kifo kabisa, na sheria ya magereza inaruhusu mfungwa kukaa na mtoto wake mdogo hadi umri wa miaka minne. Hatua hiyo ni kubwa. Lakini yule mlinzi aliyecheka bado yupo mahali pengi, katika rumande na hata katika wodi za uzazi, ambako wanawake maskini wa Nairobi wamelalamika kwa miaka mingi kwamba hutukanwa wanapolia kwa uchungu. Felisita aliyajua maneno hayo. Aliyajibu akiwa gerezani, bila kutukana, na bila kukubali kwamba kilio chake ni aibu.

Njia ya kumrudisha haihitaji gharama. Tangu maaskofu Wakatoliki wa Afrika Mashariki, katika umoja wao wa AMECEA, walipozifanya jumuiya ndogo ndogo za Kikristo kuwa msingi wa uchungaji katika miaka ya 1970, kila mtaa wa Eastlands, upande huu wa mashariki wa Nairobi, umegawanyika katika jumuiya zenye watakatifu wasimamizi. Wanajumuiya hukutana nyumba kwa nyumba, husoma Injili, huchangia wagonjwa na waliofiwa, na husherehekea siku ya somo wao. Parokia ya Makadara yenyewe iko chini ya Bikira Maria aliyemtembelea Elizabeti, yaani chini ya kumbukumbu ya wanawake wawili wajawazito waliopokeana mlangoni. Waumini waliozoea tafakari hiyo hawatashindwa kuwaelewa Perpetua na Felisita.

Kwaresima haizuii jumuiya kukutana jioni ya 7 Machi. Wala hakuna kanuni inayozuia katekista kuwasomea watakaopewa kipaimara sura ya 15 ya andiko lile, ambayo haichukui hata dakika tano, kisha kuwauliza akina Felista, Felistus na Felister waliomo darasani wangependa kumjibu nini yule mlinzi. Katika Mkesha wa Pasaka, jina hilo litakapoimbwa ndani ya Litania ya Watakatifu, wasichana hao watajua ni nani anayeitwa.